Kadi imekwisha muda, bastola bado iko mkobani

Maswali ya mwezi huu yanajibiwa na mwalimu wa usalama wa silaha anayefundisha Minnesota, Marekani.

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni muuguzi, nafanya zamu ya usiku Minneapolis. Miaka mitano iliyopita, baada ya kunyang'anywa simu kwenye maegesho ya kazini, nilisoma darasa nikapewa kibali cha kubeba bastola na sherifu, yaani mkuu wa polisi, wa Kaunti ya Hennepin. Mwaka jana nilihamia Coon Rapids. Juzi natafuta kadi ya benki kwenye pochi, ndipo nikaona kibali kimekwisha muda siku 12 zilizopita. Bastola nimeendelea kuibeba mkobani kila usiku. Je, naweza kuendelea hivyo huku nikishughulikia kadi mpya? Cheti cha lile darasa bado ninacho. Sijawa raia, nina grini kadi, na nina watoto wawili nyumbani. – Muuguzi, Coon Rapids

JIBU: Marahaba, mwanangu. Hapana, usiendelee. Ukimaliza kusoma aya hii nenda katoe bastola mkobani, ondoa risasi, ifungie kwenye sanduku lenye kufuli, kisha urudi tuzungumze.

Naanza na grini kadi, ingawa wewe umeitaja mwishoni kama jambo la pembeni. Kwa Minnesota, kubeba bastola hadharani bila kibali ni kosa la ngazi ya kati, linaloweza kukupa kifungo cha hadi siku 364 na faini ya hadi dola 3,000. Ukirudia, linakuwa kosa kubwa la jinai. Raia akikutwa na hatia hiyo ataumia, lakini baada ya adhabu atarudi nyumbani kwake. Wewe hali yako ni nyingine. Sheria ya uhamiaji ya shirikisho, yaani ya Marekani nzima, inasema mtu asiye raia akitiwa hatiani kwa kumiliki au kubeba bunduki kinyume cha sheria, anaweza kuondolewa nchini. Haisemi mpaka afungwe, wala haisemi mpaka amuumize mtu. Hatia peke yake inatosha. Kwa hiyo ukipigiwa simu leo na polisi au na mwendesha mashtaka kuhusu jambo hili, usijieleze na usikubali kosa "ili liishe haraka". Tafuta wakili, na wakili huyo umwambie tangu sentensi ya kwanza kwamba una grini kadi. Tangu 2010, kwa uamuzi wa Mahakama ya Juu ya Marekani katika kesi ya Padilla dhidi ya Kentucky, wakili wa jinai ana wajibu wa kukueleza kama kukiri kosa kunaweza kukufukuzisha.

Kuna na jambo la shule. Sheria ya shirikisho inakataza kuwa na bunduki yenye risasi ndani ya futi 1,000 kutoka shuleni, ila inamwachia mwenye kibali cha jimbo husika. Sasa kumbuka njia yako kutoka Coon Rapids mpaka mjini, uhesabu shule unazopita. Kwa siku 12 hizi umezipita bila ule msamaha.

Sikuambii haya kukutia hofu. Mimi mwenyewe kibali changu cha pili kilipita tarehe siku tisa nikiwa sijui, na siku hizo tisa nilikuwa nafundisha, nimesimama mbele ya watu na bastola kiunoni nikiwaambia waheshimu sheria. Nilipogundua, nilikaa garini muda mrefu nikiiangalia ile kadi. Tangu hapo tarehe yangu nimeiandika kwa kalamu nyekundu ndani ya mlango wa kabati la vikombe, mahali ninapofungua kila asubuhi, na simngoji mtu yeyote anikumbushe.

Haya, hesabu yako. Minnesota inakupa siku 30 baada ya kadi kuisha ili uombe upya kama mtu anayehuisha. Umebakiwa na 18. Ada ya kuhuisha haizidi dola 75, nawe utaongeza 10 za kuchelewa. Zikipita hizo siku 30 utaanza upya kama mwombaji mpya, na ada inaweza kufika dola 100. Tofauti ya pesa si kubwa. Kubwa ni kwamba usikubali hesabu ya siku ikusukume kubeba kabla kadi mpya haijakufikia mkononi. Sherifu ana siku 30 za kukujibu tangu apokee maombi yaliyokamilika. Siku hizo zote bastola inakaa nyumbani.

Maombi yako hayaendi tena Hennepin. Unaomba kwa sherifu wa kaunti unayoishi sasa, yaani Anoka. Na ulipohama ulipaswa kumjulisha sherifu aliyekupa kibali ndani ya siku 30. Kosa hilo ni dogo, faini yake haizidi dola 25, lakini lirekebishe sasa, usisubiri uulizwe. Peleka fomu iliyojazwa, nakala ya leseni ya udereva yenye anwani mpya, na nakala ya cheti cha mafunzo.

Cheti ndicho kitakachokukwamisha. Hicho ulichokitunza ni cha miaka mitano iliyopita, na sheria inataka mafunzo uliyoyapata ndani ya mwaka mmoja kabla ya maombi. Maana yake darasa unalirudia: sheria, matumizi ya bastola, na kulenga shabaha mbele ya mwalimu anayetambuliwa. Wengi hulalamika hapa, "Mwalimu, mimi nilishafaulu." Kwangu mimi hii ndiyo sehemu bora kabisa ya sheria ya Minnesota, na ningeitetea hata kama nisingekuwa mwalimu. Tazama yaliyobadilika tangu ulipokaa darasani. Mnamo Julai 2024 Mahakama ya Juu ya Minnesota, katika kesi ya mtu aliyechomoa panga kwenye kituo cha treni Minneapolis, iliamua kwamba ukiwa nje ya nyumba yako, kama inawezekana kuondoka, uondoke kwanza kabla hata ya kumtishia mtu kwa silaha ya hatari. Wewe unayevuka maegesho saa tano usiku, uamuzi huo unakuhusu moja kwa moja. Kumwonyesha mtu bastola "ili tu aogope", wakati mlango wa hospitali uko wazi nyuma yako, kunaweza kukugeuza wewe kuwa mshtakiwa. Pia bangi imeruhusiwa Minnesota tangu Agosti 1, 2023, lakini sheria ya shirikisho haijairuhusu, na sheria hiyohiyo inamkataza mtumiaji wa dawa haramu kuwa na bunduki. Mwenye grini kadi asiiguse kabisa, awe na bastola au asiwe nayo.

Kwenda darasani huhitaji kibali ukiibeba inavyotakiwa: haina risasi, imo ndani ya sanduku lililofungwa sawasawa, nawe unaelekea kwenye uwanja wa shabaha. Risasi zangu mimi huweka sehemu nyingine ya gari, ni mazoea mazuri.

Ukija darasani, mkoba nao uje. Siku moja nilimwomba mwanafunzi, mama mtu mzima mwenye adabu zake, aumwage mkoba wake mezani kama ulivyo. Zikatoka funguo, mafuta ya midomo, risiti, biskuti ya mtoto, na bastola. Kalamu ya kuandikia ilikuwa imejipenyeza ndani ya ule mviringo wa chuma unaolinda kifyatulio, imelala mbele yake, kifuniko kimenasa kwenye bitana. Angeuvuta mkoba kwa nguvu akiwa na haraka, kalamu ile ingefanya kazi ya kidole. Chumba kizima kilinyamaza. Bastola inatakiwa ikae kwenye ala ngumu inayofunika kifyatulio chote, mwilini mwako, siyo kwenye kitu unachokiweka sakafuni unapofika au unachomwachia mwanao akutafutie peremende. Ala ya ngozi nayo huzeeka. Ikilegea midomo na kujikunja kwa ndani, itupe.

Kuhusu watoto sitasema mengi maana wewe ni mzazi. Minnesota inahesabu kuwa ni kosa kuacha bunduki yenye risasi mahali ambapo mtoto wa chini ya miaka 18 anaweza kuifikia. Juu ya kabati anafika. Chini ya godoro anafika. Sanduku la kufuli, na namba asizijue.

Na kazini, waulize taratibu zao kabla hujabeba tena. Mwajiri anaweza kumkataza mfanyakazi kuwa na silaha akiwa kazini, ingawa hawezi kukukataza kuiacha ndani ya gari lako kwenye maegesho. Ukiiacha humo, iwe kwenye kisanduku kilichofungwa kwa waya wa chuma chini ya kiti, maana wezi wa magari hutafuta kwanza ndani ya dashibodi.

SWALI: Habari, Mwalimu. Kibali changu kitaisha baada ya miezi miwili. Binamu yangu yuko Texas, anasema nisipoteze pesa, siku hizi kibali hakihitajiki Marekani. Mimi naendesha lori, napita Iowa na Illinois kila wiki. Pia naomba kujua, polisi akinisimamisha nimwambie nina bastola au ninyamaze? – Dereva, St. Cloud

JIBU: Salama, ndugu yangu. Binamu yako anasema kweli ya kwao. Texas iliondoa sharti la kibali kwa watu wazima wengi kuanzia Septemba 1, 2021, na Iowa kuanzia Julai mwaka huohuo. Zaidi ya nusu ya majimbo sasa yako hivyo. Minnesota haimo, na ukivuka mto ukaingia Illinois, kibali chako cha Minnesota hakitambuliki huko kwa kutembea na bastola mwilini. Sheria ya shirikisho ya 1986 inakuruhusu kupita katika jimbo ukiwa na bastola isiyo na risasi, iliyofungiwa kwenye sanduku lenye kufuli usilolifikia kwa mkono kutoka kwenye usukani, mradi unakotoka na unakokwenda una haki ya kuwa nayo. Kisanduku cha dashibodi hakihesabiki. Na mkataba wa kampuni yako usome, huenda hairuhusu kabisa.

Wewe umebahatika kukumbuka mapema. Maombi hupokelewa kuanzia siku 90 kabla ya kadi kuisha, na kibali kipya huanza siku ile cha zamani kinapokoma, kwa hiyo ukiwahi hupunjwi hata siku moja. Chukua darasa mwezi huu, upeleke karatasi kwa sherifu wa Stearns mwezi huuhuu.

Swali lako la polisi ndilo ninaloogopa kulijibu vibaya. Sheria ya Minnesota inasema hivi: ukibeba, uwe na kadi ya kibali pamoja na kitambulisho, uvionyeshe ukidaiwa kihalali, na polisi akikuuliza kama una silaha, umjibu. Haikulazimishi kusema kabla hujaulizwa.

Lakini mimi siwezi kufundisha jambo hili hapa kwetu bila kumtaja Philando Castile. Julai 6, 2016, alisimamishwa Falcon Heights, kando ya St. Paul. Alikuwa na miaka 32, msimamizi wa chakula katika shule ya msingi, na kibali chake kilikuwa halali. Alimwambia polisi kwa utulivu kwamba ana silaha. Sekunde chache baadaye polisi huyo alimpiga risasi na kumuua, mchumba wake na mtoto mdogo wakiwa garini. Mwaka uliofuata baraza la raia wanaoamua kesi mahakamani lilimwachia huru yule polisi. Nikisema "fuata sheria utakuwa salama" mbele ya vijana weusi kumi na wawili, nitakuwa nimewadanganya, na wote watajua.

Ninachowafundisha ni kuipunguzia mikono kazi. Kadi ya kibali na leseni ya udereva zikae mbali na bastola: bastola kiunoni kulia, kadi mfuko wa shati kushoto au kwenye kishikio cha jua. Simama, zima injini, washa taa ya ndani, teremsha kioo, mikono juu ya usukani kabla hajafika dirishani. Akiomba leseni, usianze kusogea. Mimi binafsi humwambia mapema, na neno "bunduki" silitangulizi. Nasema: "Afisa, nina kibali cha kubeba. Mikono yangu iko hapa. Kadi iko mfuko wa shati. Unataka nifanye nini?" Kisha nasubiri. Akitoa amri mbili zinazopingana, sifuati hata moja, nabaki na mikono palepale na kuuliza tena polepole.

Lifanyie mazoezi jambo hili kabla ya kadi mpya kufika, ndani ya lori lililozimwa, bastola ikiwa nyumbani. Mkeo asimame dirishani na tochi, akudai leseni kwa sauti ya ukali, mara kumi, kumi na tano, mpaka mkono wako wa kulia uache kuteremka wenyewe kutafuta pochi.