Mkuu, usilipie hiyo seva kabla hujaona kona ya skrini ya kila mtu

Mkuu simama hapo hapo. Kama kadi iko mezani, irudishe kwenye pochi.

Nimesoma swali lako mara mbili. Una laptopu ya Windows, mdogo wako yuko Doha na PS4, watoto wa dada yako wako Arusha wanatumia simu na tableti, na mnataka kucheza Minecraft pamoja wikiendi. Umeuliza kama Java ndiyo toleo bora, na kama ulipie seva ya Java, yaani kompyuta ya kukodi ya kuwekea dunia yenu, mwaka mzima kwa sababu wamekupa punguzo. Hapo kwenye "seva ya Java mwaka mzima" moyo umenipasuka, kwa sababu hayo ni maneno yangu ya Januari 2021, neno kwa neno.

Java haiongei na PS4. Haiongei na simu. Seva ya Java ukiikodi leo, kesho yake utakuwa peke yako ndani yake.

Minecraft ni magemu mawili yenye jina moja. Kuna Java Edition, ya kompyuta tu: Windows, Mac na Linux. Halafu kuna Bedrock, iliyoandikwa upya kwa lugha nyingine ya programu, C++, nayo ndiyo iliyoko kwenye simu, tableti, Xbox, Switch, PlayStation na Windows. Wenye Bedrock wanachezeana wao kwa wao bila kujali kifaa. Walianza kuunganishwa Septemba 2017, na PlayStation ikajiunga Desemba 2019. Wenye Java wanachezeana wenye Java. Miti ni ile ile na nguruwe ni wale wale, ila mlango wa katikati haupo.

Mimi hili sikuambiwa. Nilikwenda kwa jamaa mmoja anayeuza magemu na akaunti, sitataja duka, nikamweleza wazi kabisa: kaka yangu yuko Muscat ana PS4, mpwa wangu wa miaka tisa yuko Mombasa anacheza kwa simu ya mama yake, mimi nina laptopu. Akanijibu bila hata kuinua macho kwenye simu yake: "Chukua Java bro, hiyo ndiyo Minecraft yenyewe, hao wengine wataingia tu." Wataingia tu! Maneno mawili hayo yamenigharimu kuliko deni lolote nililowahi kukopa. Angesema "sijui", ningemshukuru hadi leo. Hakujua, na badala ya kukiri akaniuzia. Na wale wa video mtandaoni wanaoimba kila siku kwamba Java ndiyo halisi, Bedrock ni ya watoto, nao wana sehemu yao kwenye hasara yangu. Wao wanacheza na watu wenye kompyuta kama zao. Hawana mpwa Mombasa.

Java yenyewe wakati ule ilikuwa dola 26.95, kama Sh 62,000 hivi. Seva nikalipia miezi 12 kwa mkupuo, Sh 190,000, kwa sababu ya punguzo lile lile linalokutoa udenda wewe sasa. Kaka naye kule akalipia PS Plus ya mwaka ili awe tayari, maana kwenye PlayStation bila PS Plus huchezi na watu mtandaoni. Kwa hiyo hasara ilikuwa ya familia, siyo yangu peke yangu.

Lakini pesa siyo sehemu inayouma zaidi, na ndiyo maana naandika yote haya saa hizi.

Nilitaka iwe zawadi ya Idi. Sikuwaambia chochote. Kuanzia Januari hadi Mei, kila usiku nikitoka kazini, nilikuwa najenga nyumba ya bibi yetu ya Pangani. Bibi alishafariki na nyumba ilishauzwa, kwa hiyo nilijenga kwa kukumbuka. Baraza la mbele nikaliweka ngazi mbili kama lilivyokuwa. Mwembe wa uani nikauotesha upya mara nne hadi tawi moja likaelekea kisimani. Nikachimba mto pembeni, nikaweka na pantoni. Ndani nikatengeneza mlango wa siri wa pistoni, vile vitalu vya kusukuma, na redstone, ule waya wa umeme wa ndani ya gemu, nyuma ya kabati, kwa sababu tukiwa wadogo kaka alikuwa anajificha nyuma ya kabati lile akiitwa kuoga. Nilikuwa namjengea yeye kicheko kimoja tu.

Siku ya Idi, baada ya chakula cha mchana, tukapigiana simu ya video watu watatu. Mpwa ameegemeza tableti ya jirani kwenye jagi la sharubati ili tuonane, mkononi ana simu ya mama yake yenye gemu. Nikamsomea anwani ya seva herufi moja moja. Pale kwenye kisanduku cha pili alikuta 19132 imeshaandikwa yenyewe. Nikamwambia afute aandike 25565, kwa sababu ndivyo karatasi ya seva ilivyosema. Sikuelewa kwamba namba hizo mbili ndizo zilizokuwa zinanipigia kelele: 19132 ni mlango wa Bedrock, 25565 ni mlango wa Java. Mtoto akabonyeza. Akasubiri. "Mjomba, inakataa." Nikamsomea tena, labda amekosea herufi. Akabonyeza. "Mjomba, inakataa tena." Mara ya nne hakusema kitu, akageuza simu kwenye kamera nijionee mwenyewe. Kidole gumba chake kilikuwa kimeacha alama ya tende kwenye kioo, na nyuma ya alama ile yale maandishi ya kushindwa kuungana na dunia. Kaka yeye hakufika hata hapo. Alizunguka menyu nzima ya PS4 akitafuta pa kuandika anwani, hakuna.

Nikarudi kwa muuzaji. Safari hii akaniambia niweke Geyser. Hapa niwe mkweli, Geyser ipo na inafanya kazi: inakaa kwenye seva ya Java na kutafsiri maneno ya Bedrock, na ukiongeza Floodgate basi mwenye simu hahitaji hata akaunti ya Java. Watakuja watu kwenye uzi huu kukwambia "weka Geyser yaishe". Wasikilize nusu. Nilihangaika wiki mbili, kila Java ikitoa sasisho seva yangu inagoma, mwisho mpwa akaingia kwa simu. Alipiga kelele mama yake akadhani ameungua. Kaka je? Hakuingia. Kwenye simu na Windows, Bedrock ina kitufe cha kuongeza seva kwa anwani. Kwenye PlayStation kitufe hicho hakipo, unaziona tu zile seva zilizochaguliwa na wenye gemu. Kuna njia za kuzunguka, za kubadilisha DNS, ile namba inayoiambia PS4 pa kutafuta anwani, kwenye mipangilio ya mtandao wa PS4 na mambo kama hayo, lakini mwambie mtu aliyechoka, aliyetoka zamu ya usiku Muscat, na intaneti yenyewe ni ya nyumba ya kupanga na watu sita. Alijaribu mara mbili akaniambia, "Wewe cheza na mtoto, mimi nitaangalia kwenye video." Nilizima laptopu nikakaa kimya muda mrefu.

Mlango ule wa nyuma ya kabati nilikuwa nimemjengea yeye.

Najua kuna mtu atauliza kwa nini sikuihamisha dunia kwenda Bedrock. Nimeihamisha. Kuna programu inaitwa Chunker, siku hizi ni ya bure, unaipa dunia ya Java inakutolea ya Bedrock. Kuta zilivuka, mwembe ukavuka, vitu vya kwenye masanduku vikavuka. Wanakijiji wangu wote wa ndani ya gemu hawakuvuka, hata yule mkutubi aliyekuwa ananiuzia kitabu cha Mending, kile cha kurekebisha vifaa vilivyochakaa, ambaye nilimtafuta siku tatu. Na mlango wa pistoni ukafa. Redstone ya Java ina tabia yake ya ajabu, pistoni inaweza kupata nguvu kupitia nafasi iliyo juu yake hata kama waya haujaigusa, na mimi mlango wote niliujenga juu ya tabia hiyo. Bedrock haina tabia hiyo. Niliubomoa nikaujenga upya kuanzia waya wa kwanza. Kwa hiyo usijidanganye kwamba utaanza na Java halafu "utahamia baadaye". Kuhama kunawezekana, ila unafika bila nusu ya mizigo.

Sasa nisikilize, kanuni yangu ni moja na sitaki uibadilishe: picha ya skrini kwanza, pesa baadaye.

Mwambie mdogo wako wa Doha afungue Minecraft, asiingie kwenye dunia yoyote, abaki kwenye ukurasa wa kwanza tu, akupigie picha. Watoto wa dada wafanye hivyo hivyo, simu na tableti, kila kifaa picha yake. Usikubali "ninayo ya kawaida" wala "ninayo mpya", hakuna toleo linaloitwa ya kawaida. Unataka picha. Halafu angalia chini. Namba ya toleo ikiwa kona ya chini kulia, hiyo ni Bedrock. Ikiwa kona ya chini kushoto na imeandikwa Minecraft mbele yake, hiyo ni Java. Kona hiyo ndogo, maandishi madogo kuliko ya chupa ya dawa, ndiyo inayoamua ununue nini. Na hakikisha namba zenyewe zinalingana, kwa sababu simu isiyosasishwa itakataliwa na dunia ya aliyesasisha hata kama wote ni Bedrock.

Kwa vifaa ulivyotaja najua jibu litakuwaje, namba zote zitakuwa kulia. Lakini ziombe tu. Mimi nilijua pia.

Wewe una bahati ambayo mimi sikuwa nayo. Tangu Juni 2022 kwenye Windows matoleo yote mawili yanauzwa pamoja, unalipa mara moja unapata Java na Bedrock. Kwa hiyo kosa lako halitakuwa kununua, litakuwa kufungua. Launcha, ile programu ya kufungulia gemu, itakuonyesha yote mawili yamepangana, na rafiki yako wa kazini atakwambia bonyeza Java. Usibonyeze. Kama laptopu ingekuwa Mac tungezungumza lugha nyingine, maana huko Bedrock rasmi haipo.

Na seva usikodi kabisa. Fungua dunia yako kwenye Bedrock, waongeze kama marafiki kwa majina yao ya akaunti ya Microsoft, wataiona dunia kwenye orodha ya marafiki na kuingia. Hiyo ni bure, na haina anwani ya kusoma herufi moja moja. Ubaya wake ni kwamba wewe ukizima laptopu, wote wanatoka. Mkichoka na hilo ndipo ulipie Realms Plus, yaani dunia yenu kutunzwa mtandaoni na wenye gemu wenyewe, ya mwezi mmoja siyo ya mwaka, unalipa wewe peke yako na wengine wanaingia bila kulipia Realm, na dunia inabaki wazi hata ukiwa umelala. Ila soma jina vizuri kabla ya kulipa, kwa sababu kuna Realms ya Java pia, na hiyo itakurudisha kule kule nilikotoka.

Mdogo wako atahitaji PS Plus na atahitaji kuunganisha akaunti ya Microsoft kwenye PS4 yake, mara moja tu. Watoto nao: akaunti zao zitakuwa za mtoto, na ya mtoto huwa inafungwa kucheza na wengine mpaka mzazi aruhusu kwenye mipangilio ya familia. Dada yako alifanye hilo Ijumaa, asisubiri Jumamosi watoto wameshakaa mkao wa kula. Mpwa wangu alikwama hapo saa nzima, tukadhani ni mtandao.

Sisi sasa hivi tuko Bedrock wote watatu. Kaka aliingia kwa PS4 yake usiku mmoja bila kuniambia, mimi nikiwa jikoni dunia iko wazi. Niliporudi nikamkuta amesimama mbele ya kabati la bibi haondoki. Nikabonyeza kitufe, mlango ukafunguka, akaingia nyuma yake akajifungia.

Basi leta hizo picha tatu hapa hapa kwenye uzi, ya Doha na mbili za Arusha. Funika majina ya watoto kabla ya kupandisha. Niko hewani mpaka saa sita usiku, na kesho nikitoka kazini nitapita tena. Ile seva wakikupigia kwamba punguzo linaisha leo, waache liishe.