Simu ile kwenye picha haikuwa yangu

Mdogo wangu, ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara mbili. Unasema mnataka kuuza kiwanja cha marehemu baba uje Yogyakarta, huku Indonesia, maana vijana wanashinda mgahawani na maisha yanasonga. Mama mdogo naye kaiona picha yangu na simu kwenye kundi la familia, kaniandikia: mwanangu, una simu ya bei ile, halafu ada ya mdogo wako inakushinda? Nililia, kisha nikakasirika.

Simu ile ni ya kukodi. Binti wa chumba cha jirani alikuwa na mahafali. Akaenda duka linalokodisha iPhone, akaacha kitambulisho chake, akalipa rupia 150,000 kwa siku, shilingi elfu ishirini na kitu za kwetu Tanzania. Tukapiga picha wote mbele ya kioo, kila mtu kwa zamu yake kaishika. Kesho yake asubuhi ikarudi dukani. Ni biashara ya kawaida hapa. Ikikaribia Idi wapo wanaokodi ili warudi nayo kijijini, wanaona haya kufika mikono mitupu. Haya hiyo naijua, ndiyo iliyonizuia kuja likizo.

Mgahawani tunashinda, kweli. Wenyewe wanaita nongkrong, neno lenye asili ya kuchuchumaa. Ni kijiwe, ila kina intaneti ya bure. Kikombe kimoja cha kahawa ya maziwa, rupia 20,000, mtu anakaa nacho saa tano mpaka barafu imekuwa maji, huku anatuma maombi ya kazi. Na akiipata? Kima cha chini cha mshahara mkoa huu kwa 2025 kilikuwa rupia milioni 2.26 kwa mwezi, kama laki tatu na nusu zetu. Ndiyo maana wengi wamenasa kwenye pinjol, mikopo ya kwenye simu. Kausha damu ile ile unayoijua, ukichelewa wanawapigia hadi ndugu zako.

Februari 2025 vijana hao walijaza mitandaoni #KaburAjaDulu, yaani kimbia kwanza. Mara ya kwanza masikio yangu yalisikia kaburi. Watoto wa nchi unayotaka kuiuzia kiwanja wanatafuta njia ya kwenda Japani na Ujerumani!

Kibali changu ni cha mwanafunzi, hakiruhusu kazi ya kulipwa. Hela ninayowatumia naikata kwenye posho ya chakula. Ikifika tarehe 20 nakula angkringan, mkokoteni wa usiku wenye taa ya njano. Wali kiasi cha ngumi, pilipili na kidagaa juu, umefungwa kwenye jani la mgomba. Wanauita nasi kucing, wali wa paka. Bila vifurushi vitatu hushibi.

Usiuze kiwanja. Usije na viza ya utalii ukidhani kazi utaikuta. Omba ufadhili wa KNB, ni wa serikali yao kwa nchi zinazoendelea. Ukiupata usilaze damu, njoo hata kesho. Watu wana utu hapa. Wakiniuliza apa kabar nasikia habari, moyo unatulia. Lakini ukija, mama atabaki na nani? Mimi niliondoka nikijua wewe upo. Basi kaa. Au omba kwanza, tutazungumza.

Mwambie mama mdogo nitatuma laki moja tarehe 5, posho ikiingia. Na ile picha aitoe kwenye kundi la familia.