Siri Ina Wenyewe

Barua tatu za toleo hili zimetoka kwa watu wasiofahamiana, lakini zote zinauliza jambo moja: mtu alifanyeje neno alilokabidhiwa kwa sharti la kutolisema? Majina ya walioandika tumeyaacha kwa ombi lao.

SWALI: Shikamoo Bibi. Ninaishi Tanga, nami ni kifungua mimba wa familia yetu. Siku chache kabla ya kufariki, mama aliniambia kwamba mdogo wetu wa mwisho hakumzaa yeye. Alizaliwa na mama yetu mdogo alipokuwa bado mwanafunzi wa sekondari, na babu ndiye aliyeamua mtoto alelewe kwetu. Mama aliniapisha nisimwambie mdogo wangu wala mtu mwingine asiyejua. Sasa kijana ni mtu mzima na anajiandaa kupeleka posa. Mama mdogo yu hai, na kila sikukuu huja nyumbani. Mimi usiku silali. Kwa nini neno lisilonihusu linitese hivi, na je, nimwambie mdogo wangu?

JIBU: Marahaba mwanangu, na pole kwa msiba. Nianze na swali lako la kwanza, kwa kuwa wengi hudhani kinachochosha katika siri ni kazi ya kuificha, yaani kuchunga ulimi, kugeuza mazungumzo na kujifanya hujui. Michael Slepian wa Chuo Kikuu cha Columbia, mjini New York, alichapisha na wenzake mwaka 2017 utafiti ulioonyesha vingine. Nyakati ambazo mtu hulazimika kuificha siri mbele ya watu ni chache. Zilizo nyingi, na zinazomwumiza zaidi, ni zile ambazo mawazo humrudisha kwenye siri hiyo akiwa peke yake, wala hapana anayemwuliza. Watafiti hao waliona pia kwamba kwa wastani mtu huwa na siri 13, na 5 kati ya hizo hajapata kumwambia yeyote. Basi usijihesabu dhaifu. Mama yako aliitunza siri hii miaka yote hiyo, na bado hakuweza kuondoka nayo duniani.

La pili ni gumu zaidi, nalo haliwezi kujibiwa kabla ya kujua siri hii ni ya nani. Marehemu aliitunza, lakini hakuwa mwenyewe. Wenyewe ni wawili: mama yako mdogo, ambaye ujana wake ndio ulioifanya iwepo, na mdogo wako, ambaye asili yake ndiyo iliyomo ndani yake. Wewe ni mtunzaji wa pili, na mtunzaji hana ruhusa ya kuitoa siri kwa sababu tu imemlemea.

Tena, usiwahukumu waliotangulia. Kwa miongo mingi nchini Tanzania msichana aliyepata mimba shuleni alifukuzwa, na ni Novemba 2021 tu ambapo serikali ilitangaza kwamba wasichana waliojifungua wanaweza kurudi katika shule za kawaida. Katika hali hiyo, dada mkubwa au bibi aliyemchukua mtoto na kumwita wake alikuwa anaokoa heshima ya nyumba, na mara nyingine masomo ya msichana pia. Ninaamini babu yako alipima mambo kwa mizani aliyokuwa nayo. Ila sababu ya kuficha inapopita, siri haipiti pamoja nayo. Hubaki imekaa, na watu wakaendelea kuihudumia bila kukumbuka ilitakiwa kumlinda nani.

Ushauri wangu ni kwamba umwendee mama yako mdogo. Kiapo chako kilihusu wasiojua, na yeye anajua kuliko marehemu alivyojua, kwa hiyo kuzungumza naye hakukivunji. Nenda siku ya kawaida, mkiwa wawili tu. (Sikukuu, harusi na matanga ni siku mbaya kuliko zote kwa neno la namna hii, ingawa ndizo siku ambazo watu hulitoa.) Mwambie unachokijua na kwamba hujamwambia mtu, kisha umsikilize. Huenda kwa karibu miaka thelathini hajapata mtu wa kulia naye juu ya mtoto wake, na ninyi wawili mkishaizungumza, naamini usingizi wako utarudi hata kabla ya kuamuliwa lolote.

Yeye ndiye anayestahili kumwambia kijana. Mpe muda, lakini si muda usio na mwisho, kwa sababu ya hiyo posa. Upande wa baba wa mdogo wako anaujua mama yako mdogo peke yake, na kijana hawezi kuachwa aoe bila kuhakikisha kwamba mchumba si ndugu yake. Hilo mwulize waziwazi. Akikwambia hapana undugu, unaweza kuendelea kumsubiri. Akikwambia upo, au akikataa kabisa kujibu, kwangu kiapo chako kimefika mwisho, na kijana aambiwe kabla posa haijapelekwa. Kama ninyi ni Waislamu, kuna pia suala la nasaba na mirathi, ambalo sheikh anaweza kuulizwa bila kutajiwa jina la mtu.

SWALI: Bibi, shikamoo. Mimi ni mume wa mtu, Mombasa. Rafiki yangu amenieleza maradhi yake na kunisihi nisimwambie mtu. Mke wangu amehisi kuna jambo, naye anasema wanandoa hawafichani kitu. Je, ni kweli?

JIBU: Marahaba. Mke wako amekosea katika hili, lakini usimwambie kwa maneno hayo. Maradhi ya rafiki yako si mali ya ndoa yenu. Wahenga walisema aibu ya maiti aijuaye ni mwosha, na mwosha akirudi nyumbani hatakiwi kumsimulia hata mwenzake wa chumbani. Mwambie mkeo wazi kwamba ipo amana ya mtu, kwamba haimgusi yeye wala watoto, na kwamba siri yake ungeitunza vivyo hivyo. Kuwepo kwa siri usikukane. Kinachofichwa ni yaliyomo tu.

Ingekuwa deni lako ungepata jibu jingine. Huko kwenu Kenya, Sheria ya Mali ya Ndoa ya mwaka 2013 hairuhusu, katika ndoa ya mke mmoja, mali ya ndoa kuuzwa au kuwekwa rehani bila idhini ya wote wawili. Jambo litakaloweza kumtoa mkeo nyumbani kwake ana haki ya kulijua.

SWALI: Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, Morogoro. Mwanafunzi wa darasa la tano ameniambia kwamba ndugu anayeishi nao humfanyia mambo mabaya usiku. Alinitaka niahidi kutomwambia mtu, nami sijamjibu. Nifanye nini?

JIBU: Mwalimu, usiahidi, na usikae na jambo hili hata siku moja zaidi. Siri hii si ya mtoto. Ni ya yule mtu mzima, naye amembebesha mtoto kwa vitisho au kwa zawadi, maana nguvu yake yote iko katika kimya hicho. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaka kila mwanajamii mwenye taarifa kwamba haki za mtoto zinavunjwa aziripoti kwa mamlaka ya serikali za mitaa. Nenda kwa afisa ustawi wa jamii, au kwenye dawati la jinsia na watoto la polisi, au upige simu ya mtoto, namba 116, ambayo haitozwi malipo. Usiwaite kwanza wazazi kikaoni pamoja na huyo ndugu, kwani familia nyingi hukimbilia kuyamaliza nyumbani, na mtoto akalala tena chini ya paa lile lile.

Mtoto mwenyewe umwambie leo, kwa lugha rahisi, kwamba umemwamini, kwamba hakukosea kusema, na kwamba utawaambia watu ambao kazi yao ni kumlinda. Mtajie ni nani hao na lini utawaona, ili asije akawaona wageni mlangoni akadhani umemsaliti.