MAGAZIJUTO ilivyoniponza kwenye hesabu za sehemu

Swali lilikuwa fupi: 5/6 − 1/3 + 1/2. MAGAZIJUTO nilikuwa nayo kichwani kama wimbo (mpangilio wa matendo: mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa), kwa hiyo sikusita. JU inatangulia TO, basi nikajumlisha kwanza: 1/3 + 1/2 ni 5/6. Halafu 5/6 − 5/6, sifuri. Jibu lilitoka safi mno hata nikajipongeza. Daftari liliporudi nikakuta kosa la kalamu nyekundu, na pembeni pameandikwa 1.

Nilibisha, tena sana. Kumbe kujumlisha na kutoa ni rika moja, hakuna mkubwa wa mwenzake. Yakikutana, unaanza kushoto kwenda kulia. KDS (kigawe kidogo cha shirika) ya 6, 3 na 2 ni 6, kwa hiyo tunapata 5/6 − 2/6 + 3/6. Tano toa mbili, tatu. Ongeza tatu, sita. 6/6 ni 1. Alama ya kutoa ilikuwa ya 1/3 peke yake, mimi nikaibebesha na 1/2, kana kwamba kuna mabano ambayo hayakuandikwa.

GAZI haina fitina hiyo. Ukitanguliza kugawanya, jibu halipotei. Balaa ni kutanguliza kuzidisha. Chukua 3/4 ÷ 1/2 × 2/3. Kutoka kushoto: 3/4 × 2/1 ni 3/2, mara 2/3 unapata 1. Anayezidisha kwanza anaangukia 9/4. Hukohuko anaangukia pia yule anayeona alama ya kugawanya akapindua kila sehemu inayofuata. Inayopinduliwa ni moja tu, ile iliyo mara baada ya alama.

Kwa hiyo fanya tendo moja kwa kila mstari, na yasiyoguswa yanakiliwe yalivyo. Sehemu mchanganyiko zigeuze kabla ya yote. Tuseme umepewa 1½ + 3/4 × (2/3 − 1/6):

3/2 + 3/4 × (4/6 − 1/6)
3/2 + 3/4 × 1/2
3/2 + 3/8
12/8 + 3/8
15/8, yaani 1⅞

Zamani ningeanza kwa kutafuta KDS ya asili (namba za chini) zote zilizo kwenye swali, kazi ya bure. KDS unaihitaji pale unapojumlisha au kutoa tu. Kwenye kuzidisha, kiasi (namba ya juu) kwa kiasi, asili kwa asili, basi. (Vipeo havimo kwenye MAGAZIJUTO, lakini vinakuja mara tu baada ya mabano. Na 2/3 yote ikipewa kipeo cha pili iwekee mabano: ni 4/9, si 4/3.)

Kuna mabano mengine hayaonekani: ule mstari mrefu wa sehemu. Juu pakiwa na 1/2 + 1/4 na chini 1 − 1/4, juu unakamilisha peke yake, chini peke yake, ndipo unagawanya: 3/4 kwa 3/4, jibu 1. Siku moja nililiingiza swali hilo kwenye kikokotoo cha simu kwa mstari mmoja, bila mabano. Kikagawanya 1/4 kwa 1, kikajumlisha, kikatoa, kikanipa 0.5. Nikakilaumu kikokotoo, nacho kilikuwa kimefuata kanuni kuliko mimi.