Rudi siku ya tatu

Wewe unayeanza kazi ya kupiga picha za habari hapa Nairobi, kuna usiku simu italia: jengo limeporomoka, moto umezuka, mto umefurika. Utakimbia, kama sisi sote tulivyokimbia. Kuhusu vifaa sina mengi. Vaa gambuti, beba betri za akiba, mfuko wa plastiki wa kufunika kamera na maji ya kunywa. Lenzi ndefu iache ofisini. Humzoeza mtu kuwinda watu kwa mbali kama swala.

Nililochelewa kujifunza ni kurudi. Mafuriko ya Aprili 2024 yalipoikumba Mathare, siku ya kwanza tulijazana ukingoni bega kwa bega, kila mtu na mabati yaleyale yanayoelea. Siku ya tatu nilikwenda peke yangu. Nikamkuta mama mmoja ameanika madaftari ya mwanawe juu ya bati. Anafungua ukurasa, anaukandamiza kwa kokoto, anasubiri jua, anageuza mwingine. Wino umechuja, hesabu hazisomeki.

"Mama, naomba nikupige picha."

Akaitazama kamera, akavitazama viatu vyangu. "Nishikie hili kwanza."

Nililishika daftari karibu nusu saa. Picha za mabati hata sijui niliziweka wapi.

Sasa kosa langu. Nikiwa mgeni kazini nilipiga mwili ukitolewa kwenye kifusi. Uso ulikuwa umefunikwa, nikaona adabu imetimia. Picha ikatoka kabla jamaa hawajaarifiwa, na kaka wa marehemu akalitambua shati. Alikuja mpaka ofisini. Hakufoka, aliniuliza tu niliipiga saa ngapi. Tangu siku hiyo, kabla sijatuma, nakagua shati, viatu, saa ya mkononi, kovu. Mhariri akiwaka kwenye simu, mwache awake.

Na maelezo ya picha usiyaandike kwa haraka ya kufunga kazi. Jina la mtu muulize mwenyewe, herufi kwa herufi. Chanzo cha tukio kitaje. Septemba 2011, watu wengi waliungua Sinai, kule Mukuru, baada ya petroli kuvuja kutoka bomba la mafuta na kutiririka kwenye mtaro unaopita kati ya nyumba. Ukiandika "moto mtaa wa mabanda", msomaji atadhani jiko la mtu lilipinduka, na lawama umewabebesha walioungua.

Yule mama nilimchapishia nakala. Nilipoipeleka mwishoni mwa Mei, matingatinga ya serikali yalikuwa yameshapita kando ya mto, na pale penye chumba chake palikuwa na udongo mtupu. Jirani alisema amehamia kwa dada yake, upande wa Kariobangi, nambari ya simu hana. Bado natembea na ile nakala kwenye begi la kamera.