Panga mlangoni si kesi ya shamba

*Shangazi, mume wangu alifariki mwaka jana. Shemeji anasema shamba ni la ukoo, kwa hiyo nirithiwe au niondoke. Juzi alikuja usiku na vijana, wakafyeka migomba, akapiga mlango kwa panga akisema safari ijayo ni shingo yangu. Kituoni niliambiwa hiyo ni kesi ya shamba, nilete amri ya korti. Je, korti inaweza kunipa askari wa kulinda boma? – Mjane, Kakamega*

Pole sana, mama. Afisa huyo alikupa nusu ya ukweli. Shamba ni la nani, hilo polisi hawaamui, na usitake waamue: leo watakupendelea wewe, kesho watampendelea mwenye kitu kidogo. Lakini kutishia kuua ni jinai, shamba liwe la nani.

Rudi kituoni, na habari za mipaka ziache nyumbani. Anza na panga. Taja saa, maneno aliyotamka na vijana uliowatambua. Usiondoke bila nambari ya OB, kitabu cha matukio cha kituo. Mlango upige picha kabla fundi hajaugusa.

Kisha nenda kwa hakimu. Wengi hudhani lazima waanze na kesi ya ardhi, ile inayokula miaka. Wewe una njia fupi. Sheria ya Ulinzi Dhidi ya Dhuluma za Nyumbani ya 2015 si ya mume na mke tu. Inataja waziwazi kuingiliwa na wakwe na mashemeji, na mjane kulazimishwa kurithiwa. Omba amri ya ulinzi. Hakimu akiona hatari iko karibu, anaweza kutoa ya muda hata kabla shemeji hajasikizwa.

Askari wa kukesha langoni usimtarajie. Omba shemeji akatazwe kukaribia boma, na OCS, yaani mkuu wa kituo chako cha polisi, atajwe ndani ya amri kwamba ahakikishe inafuatwa. Hapo ndipo wengi hukosea: wanapata amri isiyomgusa OCS, nao polisi wanaitazama tu. Ikitoka, ipeleke kituoni na nakala yako igongwe muhuri.

Katika hati ya kiapo sema yote, hata yasiyokupendeza. Kama marehemu alikuwa na mke mwingine, au ulishakubali mbele ya chifu kumkatia shemeji kipande, hakimu asiyasikie kwanza kwa mpinzani wako.

Amri hiyo haikupi shamba. Fungua mirathi. Kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi kinafanya kuwa kosa kuingilia mali ya marehemu bila idhini, nacho kinakubana hata wewe, basi usiuze wala kukodisha chochote kwa sasa. Kama huna pesa za wakili, FIDA Kenya, shirika la mawakili wanawake, husaidia wanawake.

Polisi wakipokea amri na bado wakuambie ni kesi ya shamba, lalamika IPOA, mamlaka huru inayosimamia mwenendo wa polisi, ukiambatisha ile nakala yenye muhuri.