Mnaoanza animesheni ya bahari, kaeni pwani kwanza

Wadogo zangu mnaotaka kutengeneza filamu za katuni za bahari, kilichonichelewesha mimi ni maji. Nilikuwa naona bahari ni pazia tu la nyuma, napaka buluu, natia mistari ya mawimbi, basi, nguvu zote nazipeleka kwa samaki. Nikamuonesha mzee mmoja mvuvi kazi yangu ya kwanza, akaniambia mwanangu huu mto huu, si bahari.

Alisema kweli. Nendeni Nungwi, au hata hapo Malindi ya Unguja, tafuteni ngalawa iliyotia nanga muitizame tu. Wimbi likija ngalawa inalisogelea kidogo, omo, yani mbele yake, inanyanyuka, ikifika juu inarudishwa nyuma, inashuka, ishakuwa palepale ilipokuwa, yani imezunguka kama duara. Wimbi ndo linalosafiri, maji yanabaki. Niliirikodi kwa simu nikahesabu, mzunguko mmoja kama sekunde 4, na sekunde 1 ya filamu ina fremu 24, yani picha mojamoja, ukichora mchoro mmoja kwa kila fremu 2 basi wimbi moja tu linataka michoro 48, kwa hiyo msilipue.

Chini ya maji rangi nyekundu ndo inayopotea mwanzo, msimchore samaki mwekundu kama yuko sokoni Darajani. Tieni na vile vichembe vinavyoelea, bila ya hivyo anaonekana yuko hewani.

Kwenye hadithi, angalieni filamu ya katuni ya Moana ya 2016. Bahari mle haina macho wala mdomo lakini inainama, inasita, inamsukuma mtoto, na unajua kabisa inataka nini. Mimi kusita kule ndo kulikonifunza zaidi kuliko mawimbi makubwa yote.

Na muziki jamani msiuache mwisho. Filamu ileile alishirikishwa mwanamuziki Opetaia Foa'i, mzaliwa wa Samoa, ndo maana mna nyimbo za Kisamoa na Kitokelau, watu wanaimba bahari yao kwa lugha yao. Sisi tuna ala zetu, tuna udi, tuna ganuni, halafu tunakwenda kudownload midundo ya bure! Siku hizi naanza na sauti. Nilirikodi wavuvi wanavuta dau kupandisha pwani, mmoja anaanza wengine wanapokea, na wakipokea tu unasikia mchanga unakwaruza chini ya dau. Michoro yote nikaipanga kwa ule mkwaruzo, miguu inazama mchangani hapohapo wanapopokea.